Mzinga wa Hatua Tano

Nchi hii msiitafute kwenye ramani. Ramani zake zote zimefungiwa Makao Makuu ya Jeshi, na huko hurekebishwa kila mara, kwa sababu jenerali wa nchi hiyo hakosi shabaha. Akiamuru mzinga upigwe na kombora likaanguka bondeni badala ya kilimani, askari aliyekaa mbele na darubini haruhusiwi kusema, "Tumekosa, Mkuu, ongeza mita mia." Husema, "Mkuu, umepiga barabara, ila kilima kimesogea." Hapo karani wa ramani hukifuta kilima, hukichora upya, na kazi huendelea. Nimeliandikia gazeti la serikali ya nchi hiyo miaka ishirini na sita, na sijawahi kusikia kilima kikilalamika.

Haya ninayoyasimulia niliyaona mwenyewe Siku ya Mizinga. Nilikaa safu ya tatu, nyuma ya mke wa waziri aliyevaa kofia pana. Pale kofia iliponiziba, nimeuliza waliokuwepo.

Shule ya mizinga ya nchi hiyo iko kambi ya Mwambashi. Mwalimu wake alikuwa Sajini Meja Lihundi Makwega, mtu mfupi, mkavu, ambaye masikio yake yalikuwa yamekufa nusu kwa sababu ya miaka thelathini na moja ya milio. Alifundisha hatua kumi na mbili za kupiga mzinga. Wageni waliotutawala walituachia mizinga minane na kitabu chenye hatua nane. Hizo nne nyingine tuliziongeza wenyewe, kila moja baada ya mazishi. Hatua ya kuangalia kama kuna mtu nyuma ya mzinga, kwa mfano, iliandikwa kwa sababu ya mpishi mmoja. Alikuja na birika la chai wakati mzinga unapigwa, naye hakujua kwamba mzinga ukitema mbele hurudi nyuma kama fahali.

Hatua ya kumi Makwega aliifundisha akiwa amevua kofia. Ilizaliwa katika vita vya mpakani, kwenye mto Nambwila, yeye akiwa askari mpya. Siku hiyo mzinga ulikataa kulia. Kapteni wao alikuwa na haraka, akaamuru mlango wa nyuma ufunguliwe, kombora litolewe, litiwe jingine. Kumbe baruti ilikuwa imelowa ghalani, na ndani ya mzinga ilikuwa inaungua polepole, kama kaa lililofunikwa na majivu. Mlango ulipofunguliwa, moto ukatokea kwa nyuma. Walikufa watu watatu. Mmoja wao ni Mwachano, aliyelala hema moja na Makwega na kumwandikia barua za kumpelekea mchumba wake, maana Mwachano ndiye aliyekuwa na mwandiko mzuri. Baada ya hapo kikaandikwa kitabuni: *Mzinga ukikataa, uacheni. Simameni mbali. Ngojeni nusu saa.*

Mambo yakaenda hivyo mpaka alipoteuliwa Jenerali Bahame Chitunda.

Jenerali Chitunda alipanda vyeo kupitia Kurugenzi ya Sherehe. Alikuwa amesimamia magwaride kumi na moja bila bendera kuanguka hata moja, rekodi ambayo majirani zetu hawajaifikia. Wiki yake ya kwanza alikuja Mwambashi, akatazama mazoezi huku ameshika saa ya kupimia wakimbiaji. Walipomaliza, alipanda juu ya sanduku la risasi.

"Hatua kumi na mbili!" alisema. "Ndugu zangu, hatua kumi na mbili ni safari, si vita! Na hii ya kungoja nusu saa, nani aliileta? Adui gani huyo atakayetungoja nusu saa? Tutamwagizia na vitafunio? Kuanzia leo, hakuna mzinga wa nchi hii utakaosubiriwa. Mzinga ndio utakaotusubiri sisi!"

Walipiga makofi maafisa wote. Makwega alipiga pia, kwa sababu kupiga makofi ilikuwa amri.

Mwisho wa wiki hiyo Jenerali aliandika kitabu kipya, *Mzinga wa Hatua Tano*: Fungua, Tia, Funga, Lenga, Piga. Kikasomwa redioni kikisindikizwa na tarumbeta. Makwega aliandika barua kumweleza Jenerali kuhusu Nambwila. Hakujibiwa, akaandika ya pili, kisha ya tatu. Ya nne ilijibiwa kwamba mchango wake umepokelewa kwa moyo mkunjufu, na kwamba amepewa kazi ya ziada ya kusimamia ukataji wa majani kambini.

Ikafika Siku ya Mizinga. Mtukufu Kiongozi wa nchi angekuja kuona hatua tano kwa macho yake, tena kwa makombora ya kweli. Jukwaa la wageni lilikuwa limejengwa hatua mia nne kutoka kwenye mizinga, kama ilivyo desturi. Siku mbili kabla ya sherehe lilibomolewa na kujengwa hatua arobaini tu, kwa sababu watu wa televisheni walitaka Mtukufu na mzinga waingie kwenye picha moja.

Makwega alilipima eneo lile kwa miguu yake, akaenda kwa luteni aliyesimamia ujenzi.

"Afande, hapa ni karibu mno."

"Sajini Meja," luteni alijibu kwa sauti ya chini, "unataka Mtukufu aonekane mdogo?"

Swali kama hilo halina jibu katika nchi ile. Makwega alipiga saluti, akarudi kwenye majani yake.

Asubuhi ya sherehe Makwega alikabidhiwa mzinga wa kwanza, ule wa karibu zaidi na jukwaa, kwa kuwa Jenerali alijua fika kwamba mzee yule na watu wake sita hawakosei. Aliyekaa kwenye kitasa cha mlango wa nyuma, kazi inayohitaji mkono mwepesi kuliko zote, alikuwa Koplo Sikudhani Mlewa. Makwega alikuwa amemfundisha tangu siku aliyoingia jeshini, miaka tisa iliyopita, na alikuwa akisema mkono wa Sikudhani una masikio.

Makombora sita ya kwanza yaliruka vizuri. Fungua, Tia, Funga, Lenga, Piga! Ardhi ilitikisika, kofia ya mke wa waziri ikatikisika, na Mtukufu alitabasamu mara mbili, nami nikaandika kwamba ametabasamu mara mbili.

La saba lilitiwa, mlango ukafungwa. "Piga!" Askari akavuta kamba ya kufyatulia.

Tak.

Hakuna kilichotokea. Makwega akainua kidole, kamba ikavutwa tena. Tak. Moshi wa makombora yaliyotangulia ulikuwa bado unaelea juu ya nyasi. Hapo Makwega akasema, bila kupaza sauti, "Tokeni nyuma ya mzinga. Kaeni kando, chini. Asiguse mtu." Akatazama saa yake ya mkononi. Ilikuwa saa nne na dakika ishirini na mbili.

Kisha akamgeukia luteni. "Afande, naomba watu waondolewe jukwaani."

Luteni alitazama jukwaa lenye watu mia tatu, na Mtukufu katikati yao, akatamani ardhi immeze. Mshereheshaji alikuwa mwepesi zaidi. "Mabibi na mabwana," alinguruma kwenye kipaza sauti, "sasa mnaonyeshwa mbinu ya ukimya, ambayo humtia adui wasiwasi mkubwa!"

Tukapiga makofi. Nakiri, ukimya ule ulinitia wasiwasi hata mimi.

Dakika ya nne Mtukufu aliinama kidogo kuelekea kwa Jenerali. "Kitabu chako kinasemaje, mzinga ukikataa?"

"Mtukufu, kitabu changu hakiruhusu mzinga kukataa."

"Basi uambie na mzinga wenyewe."

Jenerali akamwamuru brigedia mzinga ufunguliwe. Brigedia akamwamuru kanali, kanali akamwamuru meja, meja akamwamuru kapteni, na kapteni akamwamuru luteni. Amri ilishuka kama ndoo kwenye mstari wa wazima moto, ila hapa kila aliyeishika aliipitisha haraka zaidi ya mwenzake. Ilipofika kwa Sikudhani haikuwa na pa kwenda tena.

"Koplo Mlewa, fungua mlango," luteni alisema.

Sikudhani akainuka. Alipiga hatua moja kuelekea kwenye mzinga.

"Sikudhani," Makwega aliita. Hakutaja cheo. "Simama hapo hapo."

Mwanamke yule akasimama, mzinga upande mmoja na mwalimu wake upande wa pili.

"Afande, nimsikilize nani?"

"Isikilize saa. Zimebaki dakika ishirini na tatu."

Jenerali mwenyewe alikuwa ameshuka jukwaani kufikia hapo, nishani zake zikigongana kifuani. "Sajini Meja! Unamzuia askari kutekeleza amri mbele ya Amiri Jeshi?"

"Nazuia kifo, Mkuu. Baruti hii imetoka kwenye lile ghala linalovuja. Huenda inaungua humo ndani. Ikiungua na mlango ukiwa wazi, moto utakuja huku." Alionyesha jukwaa kwa mkono wazi. "Tuwaondoe wageni kwanza, Mkuu. Nakuomba."

"Niwaondoe? Niwaambie nini? Kwamba jeshi linauogopa mzinga wake?"

Jenerali akaagiza kisu. Mbele ya watu mia tatu, V zote tatu za cheo na nembo iliyo juu yake zilikatwa kutoka kwenye mkono wa shati la Makwega. Mzee hakusogea. Aliyekuwa anakata alitetemeka hadi akamchana kidogo, damu ikatoka, na Makwega akamwambia taratibu, "Usiwe na haraka, kijana. Nusu saa bado haijaisha."

"Sasa, Koplo," Jenerali alisema, "huyu ni raia. Fungua."

Sikudhani alikakamaa, akapiga saluti safi kabisa. Kisha akasema maneno ambayo hayakuwahi kusikika katika jeshi lile tangu lilipoundwa:

"Ndiyo, Mkuu. Naomba amri hiyo kwa maandishi."

Hapa niwaelezeni wageni jambo moja. Katika nchi ile hakuna mtu anayekataa amri, lakini pia hakuna anayeweka sahihi yake kwenye amri. Karani alikimbia kuleta karatasi. Brigedia alisema sahihi ya jambo la ufundi ni ya kanali. Kanali akagundua kwamba miwani yake imebaki garini. Meja aliisoma karatasi mara tatu na kusahihisha herufi moja. Mwishowe karatasi ikarudi ilikotoka, mkononi mwa Jenerali, pamoja na kalamu.

Ilikuwa dakika ya kumi na tano. Mke wa waziri alikuwa amevua kofia yake na kuikumbatia, kwa hiyo kuanzia hapo niliona vizuri.

Jenerali alishika kalamu. Aliitazama karatasi, akautazama mzinga, akairudia karatasi. Sauti ya Mtukufu ikatoka jukwaani, pole, kama ya mtu anayeulizia chumvi mezani:

"Jenerali, kama kusaini ni kazi, si ufungue wewe?"

Sijui kama mmewahi kumwona mtu akitembea hatua kumi na mbili kwa dakika nzima. Jenerali Chitunda alizitembea. Alifika nyuma ya mzinga na kuweka mkono kwenye kitasa. Mkono ukabaki pale. Nilikuwa naona vidole vyake vikipauka, naye anasogeza midomo. Sikudhani, aliyekuwa karibu, anasema Jenerali alikuwa anauamuru mkono wake mwenyewe: "Vuta. Nasema vuta." Mkono haukutii.

Makwega alikuwa amesogea bila mtu kumwona, akasimama ubavuni kwake. "Mkuu," alisema, "ukiuondoa mkono huo hakuna atakayekucheka. Mimi nitasema nimekuzuia."

"Ondoka, mzee," Jenerali alinong'ona. "Wananitazama."

Hapo Sikudhani akasikia mluzi mwembamba, kama birika linaloanza kuchemka. Masikio ya Makwega yasingeweza kuusikia.

"Afande!" alipiga kelele. "Unapumua!"

Makwega alimkamata Jenerali kwa mkanda wa suruali, akajitupa naye pembeni. Walikuwa hawajagusa ardhi bado mzinga ulipolia. Ulitema moto mbele, kama Mungu alivyopenda, kisha ukarudi nyuma na kupita pale pale tumbo la Jenerali lilipokuwa. Kombora lilikwenda likapiga kilima katikati ya kifua chake. Askari wa darubini, ambaye hakuwa na uzoefu wa jambo kama hilo, aliripoti redioni kwa kigugumizi: "Mkuu... kilima... kilima hakikusogea."

Watu wakanyanyuka na kushangilia. Walidhani ndivyo ilivyopangwa. Jenerali alikuwa amelala chali kwenye nyasi, mkanda umekatika, akiuangalia mkono wake wa kulia kama mtu anayehesabu vidole vya mtoto mchanga.

Ikaundwa Tume. Wajumbe tisa walikaa wiki sita na kugundua yafuatayo: kwamba Jenerali Chitunda alipiga mzinga peke yake, kwa mkono mmoja, bila hata kutumia kamba, jambo lisilo na mfano katika historia ya vita, kwamba apewe nishani na cheo cha Jemadari Mkuu, na kwamba Lihundi Makwega alimshika mkubwa wake mkanda hadharani, kosa ambalo adhabu yake ni kufukuzwa jeshini. Sikudhani aliitwa kutoa ushahidi.

"Alimsukuma Jenerali kwa chuki, sivyo?" mwenyekiti alimuuliza.

"Hapana, Mheshimiwa. Alimvuta. Asingemvuta, leo tungekuwa tunakula pilau la msiba."

Tume iliandika kwamba shahidi aliathirika masikio kwa mlipuko na hakulisikia swali. Akahamishiwa jikoni kumenya viazi.

Makwega alirudi kwao, kijiji kilicho mbali na mizinga yote, akalima mihogo. Aliitikia salamu za majirani kwa kuchelewa, kwa sababu ya masikio, nao wakadhani ana kiburi cha jeshini.

Mwezi wa nne tangu afukuzwe, alasiri moja, mtu mnene aliyevaa shati la maua alipiga hodi uani kwake. Mkewe alikuwa anapepeta mchele. Alimkaribisha mgeni, akampa kigoda, akaita, "Baba Tuzo! Una mgeni!"

Makwega alitoka na jembe mkononi. Alimtambua, akakakamaa kwa mazoea.

"Acha, mzee," Jemadari Mkuu alisema. "Nimekuja peke yangu. Hata dereva nimemwacha barabarani." "Sipati usingizi. Mkono huu ukigusa kitasa cha mlango, hata cha chooni, unaganda. Mke wangu ndiye ananifungulia. Uliniambia ukweli pale, na mimi nikakukatia vyeo. Kwa nini?"

"Hilo sijui, Mkuu. Mimi najua mizinga tu."

"Barua zako nilizisoma. Zote nne. Niliona ni za mtu mwoga."

"Ni kweli nilikuwa naogopa," Makwega alisema. "Nilimzika rafiki yangu bila kichwa. Mama yake alitaka kumwosha, nikawa nabuni sababu za kumkataza. Mpaka leo naogopa, Mkuu. Sasa, mizinga ingalipo, na baruti ni ile ile. Rudisha nusu saa."

"Siwezi."

"Kwa nini usiweze? Wewe si Jemadari Mkuu?"

"Ndiyo maana siwezi! Kitabu kimesomwa redioni. Watoto wanakikariri shuleni. Nikisema nimekosea, Mtukufu aliyekisifu naye amekosea. Tutanyongwa wote, mimi na kitabu changu."

Mama Tuzo alikuwa hajanyanyua kichwa kutoka kwenye ungo. Aliokota jiwe kwenye mchele, akalitupa. "Si lazima mseme ni kungoja," alisema. "Sisi kanisani mhubiri akichelewa hatusemi tunamngoja. Tunasema tunatafakari."

Wanaume wawili wakatazamana.

Walikaa pale mpaka jua likatua. Makwega alichora mzinga mchangani kwa ncha ya jembe, akamfundisha Jemadari Mkuu hatua zote kumi na mbili, moja moja, na kwa zile nne zilizoongezwa akamtajia majina ya waliozifia. Yule mtu wa magwaride aliyarudia majina yale kama mwanafunzi. Alipofika kwa mpishi wa chai alishindwa kuendelea, wakampa maji.

Mwaka uliofuata likatoka toleo la pili la kitabu. Hatua ni zile zile tano, lakini mwishoni kumeongezwa ukurasa wenye pambo la dhahabu unaoitwa *Nusu Saa ya Kumtafakari Mtukufu*. Unasema mzinga unapokaa kimya ghafla, huo ni wito. Askari wote waondoke nyuma ya mzinga, wakae mbali, wasiguse chochote, na kwa dakika thelathini wayatafakari matendo mema ya Kiongozi wao. Atakayeinuka kabla ya wakati atashtakiwa kwa kukosa mapenzi.

Mtukufu alifurahi sana, akaagiza ukurasa huo utumike hata kwenye bunduki.

Makwega hakurudishiwa chochote, wala hakuomba, isipokuwa jambo moja: Sikudhani atolewe viazini. Sasa ndiye mwalimu wa Mwambashi. Tangu ukurasa ule uanze kutumika, mizinga mitatu imekataa, na mmoja wao ulilia wenyewe dakika ya ishirini na sita. Hakuna aliyekufa. Gazeti langu liliandika, na aliyeandika ni mimi, kwamba hii ni nguvu ya upendo.

Nilikwenda kumhoji Sikudhani kwa ajili ya habari hiyo. Alikuwa amekaa na askari wake kwenye nyasi, mzinga uko kimya kule mbali, wao wako kimya huku, kila mmoja na fomu mapajani ya kuandika alichotafakari. Nikachuchumaa karibu yake na kumuuliza, kwa faida ya wasomaji, yeye hasa hutafakari tendo lipi la Mtukufu.

Hakuondoa macho kwenye mzinga.

"Mimi?" alisema. "Namfikiria mwanangu wa mwisho. Anakataa maharage, nami sijui leo nimpikie nini."

Kisha akachukua kalamu, akaandika kwenye fomu: *Yote.*